MJADALA: Vigezo vya ualimu vikipandishwa, aliyekwisha kudahiliwa aondolewe?

Wakuu, salaam.

Kila tukizungumzia ajira za walimu hoja hii hurudi: vigezo vya kusomea ualimu vipandishwe, na asiyevifikia aondoke hata kama yuko mwaka wa pili. Kuna aliyeandika kwamba mtoto wa darasa la kwanza hana muda wa kumsubiri mwalimu dhaifu ajirekebishe. Hoja ni nzito, na nusu yake naiunga mkono. Vigezo vipande, tena vipande kwelikweli, maana nchi hii ilishafika mahali ambapo ualimu ulikuwa kimbilio la wa daraja la nne. Kumtoa aliyekwisha kuingia kwa barua halali ndiko ninakokupinga.

Tukumbuke Chuo Kikuu cha Dodoma (UDOM), mwishoni mwa Mei 2016. Vijana zaidi ya 7,000 wa stashahada maalumu ya ualimu wa sayansi, hisabati na TEHAMA walipewa saa 24 wawe wametoka chuoni. Hawakuwa wavamizi. Serikali yenyewe ndiyo iliyoanzisha programu ile ili kuziba pengo la walimu wa sayansi, ikawachukua moja kwa moja kutoka kidato cha nne. Usiku ule vijana wakajaa stendi ya Dodoma na mabegi na masanduku, wengi hawana nauli, na Bunge liko mji huohuo likiendelea na vikao. Wabunge walipotaka shughuli zisimame wajadili jambo hilo, kiti cha Spika kikakataa, ukumbi ukachafuka.

Sasa angalieni sababu zilivyobadilika. Kwanza tuliambiwa wahadhiri wamegoma kufundisha. Siku chache baadaye, hayati Rais Magufuli akiwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, tukaambiwa tatizo ni sifa za wanafunzi, na neno "vilaza" wakabandikwa wote. Uhakiki wa cheti kwa cheti ukafuata baada ya vijana kuwa wameshafika nyumbani. Majibu yalipotoka mwezi Julai, wapo waliorudishwa UDOM, wengi wakapelekwa vyuo vya ualimu vya serikali, na waliobaki wakaambiwa hawana sifa. Kwa hiyo ndani ya kundi lile lililotukanwa kwa jumla walikuwemo waliofaulu vizuri kabisa.

Hapo ndipo kisheria ninapokwama. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba yetu inampa mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale chombo chochote kinapoamua juu ya haki zake. Kumfukuza kwanza na kumhakiki baadaye ni kinyume cha hapo. Halafu mwanafunzi hajidahili. Kuna aliyepokea fomu, aliyepitisha majina, aliyesaini mkopo. Kama udahili ulikosewa, mbona mzigo wote umwangukie kijana wa miaka 18?

Wenzetu wa India walilifikisha jambo la aina hii mpaka Mahakama ya Juu. Mwaka 2018 baraza lao la elimu ya ualimu, NCTE, liliruhusu wenye shahada ya ualimu, B.Ed., kufundisha darasa la 1 mpaka la 5, kazi iliyokuwa ya wenye stashahada ya elimu ya msingi. Wenye stashahada wakaenda mahakamani, na Agosti 11, 2023 wakashinda. Mahakama ilisema mtoto ana haki ya elimu bora, na B.Ed. haimwandai mtu kufundisha watoto wadogo. Yaani hoja ya mtoto ilishinda moja kwa moja. Lakini Aprili 2024 mahakama hiyohiyo ikafafanua kwamba uamuzi unatazama mbele: walioajiriwa kabla ya tarehe ile wabaki kazini, wasome kozi fupi ya kuziba pengo.

Nakiri si suluhisho kamili. Waliokuwa wamemaliza B.Ed. wakisubiri ajira waliachwa nje, na hao nao walikuwa wameamini tangazo la serikali. Hata hivyo mahakama ilitenganisha kanuni na watu walioingia kwa kuiamini kanuni ya jana. Sisi Dodoma hatukutenganisha.

Kwa hiyo napendekeza jambo moja liandikwe kwenye kanuni za udahili, lisiachiwe hisani ya waziri aliyepo: kigezo kipya kianze na wanaoomba mwaka unaofuata. Aliyekwisha kudahiliwa kihalali akionekana ana upungufu, apewe somo la ziada na mtihani wake, akishindwa huo mtihani ndipo aondoke. Aliyeghushi cheti huyo simtetei, ni kesi ya jinai. Na aliyedahili kinyume cha vigezo awajibishwe kwa jina na cheo chake.

Najua swali litakalokuja: somo la ziada nani alilipie, na vyuo vyetu havina wakufunzi wa kutosha. Kwa maoni yangu alipe aliyetoa barua ya udahili, kiwe chuo au wizara. Mnaofundisha vyuo vya ualimu, hasa mliopokea vijana wale wa UDOM mwaka 2016, mtuambie: waliokuja kwenu walifundishika? Na mliokuwa miongoni mwao, mko wapi sasa, mnafundisha?