Wintab au Windows Ink: lipi linafaa kwa peni ya tableti?

kalamu_ya_pwani
Wakuu, naomba ulinganisho. Mashine ni Windows 11, tableti ya kuchorea ya USB, programu ni Photoshop na Krita. Peni inasogeza kishale vizuri, ila mstari unatoka na unene uleule, uguse au ukandamize. Ujumbe unasema wintab32.dll halipo. Nikazanie Wintab (njia ya zamani ya peni kuongea na programu, inayokuja na tableti) au nihamie Windows Ink (njia ya Windows yenyewe)? Na hilo faili nilishushe kwenye zile tovuti za DLL?

fundi_draiva
Usilishushe. wintab32.dll haliji na Windows. Kila mtengenezaji wa tableti ana lake na analiweka pamoja na draiva yake (programu inayoendesha kifaa). La biti 64 hukaa C:\Windows\System32, la biti 32 hukaa C:\Windows\SysWOW64. Ndiyo, majina ya folda yamekaa kinyume, usiyasahihishe. Ukiweka la Wacom kwenye mashine yenye tableti ya Huion, programu italifungua, haitakuta kifaa, presha hakuna.

Chanzo cha kawaida ni draiva za kampuni mbili: ya pili huandika juu ya faili la ya kwanza, na ukija kuifuta inaondoka nalo. Chomoa tableti, ondoa draiva zote mbili, washa upya. Angalia folda zile mbili, kama wintab32.dll limebaki, libadili jina liwe wintab32.old. Sakinisha draiva moja tu kutoka kwa mtengenezaji, washa upya, ndipo uchomeke.

mchora_katuni
Kwa kuchora, Wintab. Windows Ink hupeleka presha kwa kipimo cha 0 hadi 1024 hata kama peni imeandikwa ngazi 8192 za presha, lakini hilo macho hayalioni. Kinachoudhi ni lile duara la kubofya-kulia: ukituliza peni kidogo linatokea, na mwanzo wa mstari unachelewa. Lizime kwenye Control Panel, sehemu ya Pen and Touch.

Photoshop tangu CC 2014 husubiri Windows Ink. Ukiondoa tiki ya Windows Ink kwenye draiva bila kuiambia Photoshop, presha inapotea. Andika faili PSUserConfig.txt lenye mstari huu:

UseSystemStylus 0

Liweke kwenye folda ya Settings ya toleo lako, ndani ya AppData\Roaming\Adobe, kisha fungua Photoshop upya. Angalia Notepad isikutengenezee PSUserConfig.txt.txt, Windows huficha kiambishi cha mwisho, na watu hukesha hapo. Krita ni rahisi: kwenye mipangilio ya tableti chagua WinTab, ifunge, ifungue tena.

mwandiko_safi
Sawa kwa wachoraji, ila kama unataka mwandiko ugeuke kuwa maandishi, Wintab haikusaidii. Yenyewe inatoa mahali peni ilipo, presha na mwinamo, basi, haijui herufi. Kazi hiyo ni ya InkObj.dll, ndani ya C:\Program Files\Common Files\Microsoft Shared\ink, na hilo ni mali ya Windows. Likiharibika, kwenye dirisha la amri kama msimamizi, endesha DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth, halafu sfc /scannow. Usilinakili kutoka mashine nyingine.

Lugha nayo husakinishwa peke yake. PowerShell kama msimamizi:

Get-WindowsCapability -Online -Name "Language.Handwriting*"

Tafuta sw-KE (Kiswahili cha Kenya). Ikionyesha NotPresent (haijasakinishwa):

Add-WindowsCapability -Online -Name "Language.Handwriting~~~sw-KE~0.0.1.0"

Bila hiyo, Kiswahili kinasomwa na kitambuzi cha Kiingereza, na maneno yenye "ng'" yanatoka vichekesho.

Kwa wanaoandika programu: kosa 0x80040154 maana yake kijenzi hakijasajiliwa kwa biti ulizotumia. Kagua kama mradi wako ni x86 (biti 32) au x64 (biti 64) kabla ya kugusa rejista ya Windows.

kalamu_ya_pwani
Nimeelewa. Ila vinaweza kukaa pamoja? Mchana nachora, jioni naandika noti kwa peni hiyohiyo.

fundi_draiva
Vinakaa. Windows Ink ipo muda wote. Tiki ya kwenye draiva inaamua tu peni itaongea kwa njia ipi. Kwa matumizi yako iache tiki, zima duara, futa ule mstari wa UseSystemStylus, na Krita iweke Windows 8+ Pointer Input (ndiyo Windows Ink humo). Ukiona mstari wa kuchora unachelewa hata baada ya kuzima duara, hapo ndipo urudi Wintab, na ubadilishe pande zote mbili: draiva na programu.