Mapanki mbele ya kamera: kachafuliwa nani?

Mtoa hoja: Filamu ya Hubert Sauper kuhusu sangara wa Mwanza, Darwin's Nightmare (2004), iliteuliwa kuwania Oscar. Mwaka 2006 Rais Kikwete akaishutumu hadharani. Kwangu, kuonyesha mapanki, yaani vichwa na mifupa ya samaki inayobaki minofu ikishatolewa, si kosa. Kosa liko mezani kwa mhariri: vichwa vya samaki vyenye funza, kisha ndege ya mizigo ya kwenda Ulaya. Mtazamaji wa Paris anajazia mwenyewe kwamba Mwanza nzima inakula uozo. Yapi ni ya kukaanga na yapi ni ya chakula cha kuku, anatoka ukumbini hajui.

Mpiga picha: Msimsingizie mhariri. Mapanki ya kukaanga yalikuwa sokoni kabla kamera haijafika, na mnunuzi wake ni yule ambaye minofu imemshinda bei. Wakubwa walililia jina la nchi. Mama anayeanika vichwa juani hawakumlilia.

Mtayarishaji: Tushuke kwenye kazi yenyewe. Siku ya kwanza kamera ibaki begini. Fuata lori kutoka geti la kiwanda mpaka kwenye vichanja, uliza bei, uliza mzigo unaishia kwa nani. Ukianza kupiga, shusha kamera usawa wa macho: mtu aliyechuchumaa ukimpiga kutoka juu, hata akicheka ataonekana anaomba. Swali la mhoji lisikike. Ukilikata "usipopata haya utakula nini?", jibu linageuka kilio alichojianzia mwenyewe.

Fomu ya ridhaa isomwe kwa sauti, kwa Kiswahili au Kisukuma, mara mbili: kabla ya kupiga, na baada ya kumwonyesha kipande chake kilichohaririwa. Malipo ni ya siku aliyoipoteza, yatajwe mapema, kiasi kilekile alie asilie. Ukisubiri mpaka amalize kusimulia ndipo utoe noti, umenunua machozi (na jirani yake wa kesho atalia zaidi).

Mpiga picha: Kumwonyesha kipande, sawa. Mwenye kiwanda naye aonyeshwe? Hapo filamu haitoki.

Mtayarishaji: Yeye ana wakili. Apewe nafasi ya kujibu, basi.

Mtoa hoja: Na mtoto wa mtaani anayevuta gundi, asiye na mlezi? Nani anasaini?

Mtayarishaji: Nenda kwa afisa ustawi wa jamii. Akikataa, mtoto usimpige picha. Akikubali, bado piga picha ya mikono na chupa, uso uache.