Mjadala: Nani hasa alizibeba filamu za Kurosawa, Mifune au Shimura?

Wakuu, kila tukigusa filamu za Japani za baada ya Vita vya Pili vya Dunia, jina la kwanza ni mwigizaji Toshiro Mifune. Sina ugomvi naye. Mtu aliyetwaa tuzo ya mwigizaji bora kwenye tamasha la filamu la Venice mara mbili, 1961 na 1965, habahatishi. Lakini mimi nashikilia kwamba mzigo wa filamu za mwongozaji Akira Kurosawa aliubeba mwigizaji mwenzake, Takashi Shimura, na tunamnyima haki yake kwa kuwa mara nyingi hakuwa stelingi.

Kurosawa aliongoza filamu 30. Shimura yumo katika 21, tangu ile ya kwanza ya 1943 hadi Kagemusha ya 1980. Mifune yumo katika 16, na baada ya 1965 wakaachana.

Tuache hesabu, tutazame kazi. Katika Nora Inu (1949), Mifune ni polisi kijana aliyeibiwa bastola, anatokwa jasho na kuhangaika mji mzima. Shimura ni mpelelezi mzee. Anamhoji mwanamke mtuhumiwa huku wanalamba barafu za kijiti kama majirani, bila kofi wala kelele. Mtu unajifunza upelelezi pale pale.

Najua mtasema watu walilipa kiingilio kumwona Mifune. Ni kweli, na Kurosawa mwenyewe alikiri kwamba katika Yoidore Tenshi (1948) nguvu za Mifune zilikaribia kuimeza filamu iliyokusudiwa kuwa ya daktari. Sasa mtazameni huyo daktari, Shimura: mlevi, anamtukana jambazi mwenye kifua kikuu, ambaye ndiye Mifune, na bado hakati tamaa ya kumtibu. Ukali wa Mifune unatisha kwa sababu mbele yake yupo mtu asiyetishika.

Halafu mwaka 1954, ambao kwangu unatosha kumaliza ubishi. Katika Shichinin no Samurai, yaani Samurai Saba, wale wapiganaji wa Japani ya kale, Shimura ndiye Kambei, kiongozi wa wale saba. Tunaanza kumwona akinyolewa nywele, jambo la aibu kwa samurai, ili ajifanye mtawa na kumwokoa mtoto aliyetekwa na mwizi. Tangu hapo, akiwaza tu, mkono unapapasa upara. Ishara ndogo, lakini ukiiona unajua vita vinapangwa. Mwaka huohuo, studio ileile ya Toho ikamweka kwenye Godzilla, akiwa mwanasayansi anayesikitika kwamba wenzake wanawaza kumuua tu yule mnyama badala ya kumchunguza.

Filamu ya Yojimbo nawaachia, ile ni ya Mifune na Shimura ana nafasi ndogo. Ila mlio upande wa Mifune nijibuni hili: Ikiru (1952), ya karani mwenye saratani ya tumbo anayepigania uwanja wa watoto kabla hajafa, Mifune hayumo hata kidogo. Ilisimama kwa nguvu za nani?