Naomba ushauri: nina picha za mgonjwa wa akili akiwa amezidiwa, niziweke kwenye filamu?

Wakuu, habari zenu. Natengeneza filamu ya makala kuhusu watu waliowahi kulazwa wodi za afya ya akili, huu mwaka wa pili. Vibali ninavyo, na dada wa mgonjwa mmoja alinisainia fomu ya ridhaa.

Huyo mgonjwa ndiye anayeninyima usingizi. Siku ya pili tangu alazwe nilimrekodi kitandani: anakunja blanketi, analikunjua, analikunja tena, huku anamwita mama yake ambaye ni marehemu. Dakika nne. Sijawahi kupiga picha nzito kama zile. Sasa amepata nafuu, yuko kibandani kwake anatengeneza simu. Wiki iliyopita akaniuliza, "Kaka, ulinirekodi nikiwaje?" Nikabadilisha mada. Tangu siku hiyo sijahariri kitu.

Nataka watu waelewe kwamba ugonjwa huu si laana wala kulogwa, na bila dakika zile naona filamu inapwaya. Nifanyeje?

Nesi wa Zamu: Mdogo wangu, saini ya dada haimalizi kazi. Siku ile hakuweza kuamua, leo anaweza, basi uamuzi ni wake. Hata Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 inazihesabu taarifa za afya kuwa nyeti. Muulize kwanza kama anataka kuziona, maana wengine hawataki kabisa. Akitaka, azitazame mchana, faraghani, awepo mtu anayemwamini. Fomu usimpelekee siku hiyohiyo.

Mhariri Mkongwe: Frederick Wiseman, mtengeneza filamu za makala wa Marekani, alirekodi ndani ya hospitali ya Bridgewater, jimbo la Massachusetts, walikowekwa wahalifu wenye magonjwa ya akili. Filamu yake, Titicut Follies, ilitoka 1967. Ruhusa ya wakubwa wa pale alikuwa nayo, lakini mahakama iliizuia kwa hoja ya faragha ya wagonjwa, na watu wa kawaida hawakuruhusiwa kuitazama hadi 1991. Mimi naamini jimbo lilikuwa linaficha aibu yake. Ila wewe mkuu, mwenye picha umeshamjua, na ameshakuuliza.

Mama Wawili: Nililazwa 2016. Usiku niliozidiwa jirani alinirekodi kwa simu, video ikazunguka kwenye magrupu ya mtaani. Mpaka leo nikienda kununua mboga namtazama muuzaji machoni, nawaza kama aliiona. Kusimulia ningekubali, hata zile sauti nilizokuwa nazisikia, nikiwa nimevaa vizuri, nimekaa kwangu. Kaka, muulize anakumbuka nini kuhusu lile blanketi.

Mleta uzi: Nimetoka kwake jioni hii, sikubeba kamera. Nimemweleza yote, hata kwamba nilikwepa swali lake. Alinyamaza, akaendelea kufungua skrubu za simu ya mteja. Kisha akasema alikuwa anamwandalia mama blanketi, alimsikia analalamika baridi. Jumamosi atazitazama picha pamoja na dada yake. Akikataa, nazifuta mbele yake.