Pacha wawili, mwalimu mmoja wa jioni: niwatenganishe?

MamaPacha_Arua: Wenzangu, pacha wangu wako P5, darasa la tano hapa Uganda. Wa kiume anasoma kila kitu, hadi karatasi iliyofungiwa sukari. Wa kike ukimpa kitabu cha hesabu analia, ila sokoni akiuza nyanya hakosei chenji, hata mteja akitoa noti ya elfu ishirini. Mwalimu wa jioni anawapa maswali yaleyale, kisha anamwambia binti, "Mwige nduguyo." Hilo linaniuma. Nimtafutie mwalimu wake peke yake? Pesa yenyewe ya kubana.

Mwl_Mstaafu: Mama Pacha, usitoe hata shilingi kwanza. Msomee swali la hesabu kwa sauti, ajibu kwa mdomo. Akipata, tatizo ni kusoma, si hesabu. Mwalimu aanzie hapo. Apimwe macho pia. Ikithibitika ana shida ya kusoma, ongea na shule mapema, maana UNEB, baraza la mitihani la Uganda, huwapa watahiniwa wenye mahitaji maalumu muda wa ziada kwenye PLE, mtihani wa kumaliza shule ya msingi.

BodaMsomi: Asije mtu akakuuzia habari ya "mtoto wa kuona" na "mtoto wa kusikia", eti kila mtoto afundishwe kwa mtindo wake, huyu kwa macho, yule kwa masikio. Mwanasaikolojia Pashler na wenzake walizipitia tafiti za mitindo hiyo mwaka 2008, ushahidi wa kutosha hawakuuona. Angalia kile ambacho binti anakijua tayari, afundishwe kuanzia hapo.

MamaPacha_Arua: Nimemsomea swali la magunia sasa hivi. Kajibu kabla sijamaliza! Mwalimu, macho hospitali kubwa wanapima siku gani?