Fundi sanifu aliyerudi na digrii: ukuu wake kwenye tange (orodha ya watumishi kwa ukuu kazini) uhesabiwe tangu lini?

Mleta mada: Wakuu, hasa wahandisi na maafisa utumishi wa halmashauri, naomba tulijadili hili.

Niliajiriwa 2009 nikiwa fundi sanifu. Miaka mitano nilisimamia makalavati na barabara za changarawe, nikaomba ruhusa ya masomo, nikarudi 2018 na shahada ya uhandisi ujenzi. Bodi ya Usajili wa Wahandisi ikanisajili mhandisi mhitimu mwaka huohuo. Barabara zilikuwa zimeshahamia TARURA (wakala wa barabara za vijijini na mijini) tangu 2017, nikapangiwa madarasa na zahanati. Kubadilishiwa kada ndiko kulikokwama: mara ikama (idadi ya nafasi zilizoidhinishwa) imejaa, mara bajeti ya mishahara haijatenga. Barua ilikuja 2021. Muda wote huo kazi ya mhandisi nilikuwa naifanya, saini tu ndiyo haikuwa yangu.

Kwenye tange nasomeka Mhandisi Daraja la II tangu 2021, chini ya kijana aliyeajiriwa 2019, ambaye hata kufunga leveli (kifaa cha kupimia usawa wa ardhi) nilimfundisha mimi. Nafasi ya Daraja la I ilipopatikana, akatangulia yeye. Sina kinyongo naye, kazi anaijua.

Sidai miaka ya ufundi sanifu ihesabiwe. Hoja yangu ni kwamba ukuu uanze siku niliyokamilisha sifa na kuwasilisha cheti. Siku mwajiri alipopata fedha inanihusu nini?

Mchangiaji 1: Pole mkuu, ila sikubaliani nawe. Ukuu ni wa kwenye cheo. Mimi nilimaliza chuo 2015, ajira zikasitishwa, nikakaa mtaani miaka minne na usajili wangu mkononi. Na mimi nihesabiwe tangu 2015?

Mchangiaji 2: Mimi ni afisa utumishi. Tarehe ya cheo ndiyo inayobeba mshahara. Nikiirudisha nyuma yanazaliwa malimbikizo yasiyo na bajeti. Hata hivyo mleta mada ana hoja. Upandishaji vyeo uliposimamishwa 2016 kupisha uhakiki wa watumishi, baadaye waliocheleweshwa walipandishwa kwa mserereko, yaani wakapewa cheo ambacho wangekuwa nacho kama wasingecheleweshwa. Serikali yenyewe ilishakiri kwamba kuchelewa kule hakukuwa kosa la mtumishi.

Mleta mada: Ndugu wa 2015, uchungu wako naujua, lakini hukuwa kazini. Mimi nilikuwa saiti, napima misingi, naandaa makadirio, na halmashauri ikiyatumia.

Afisa, asante. Malimbikizo sidai hata senti. Tarehe ya mshahara ibaki ya barua. Tange tayari ina safu ya tarehe ya ajira, ya kuthibitishwa na ya cheo cha sasa. Iongezwe moja tu, ya kukamilisha sifa, na wawili wakigombea nafasi moja itazamwe hiyo kwanza.

Mlioko TARURA na RUWASA (wakala wa maji vijijini), huko kwenu aliyebadilishiwa kada anahesabiwa tangu lini?