Rangi ya mlango wa gereji inabanduka kama ganda la kitunguu

Mama Pacha
Wakuu, habari za saa hizi. Nina mlango wa gereji wa bati, ule wa vipande vinne unaopanda juu kwa reli. Mwaka jana niliupaka mwenyewe rangi ya mafuta, mikono miwili, nikajisifu mtaa mzima. Sasa ukiikwangua kwa ukucha inatoka utepe mrefu. Chini yake bati linang'aa, kutu hata doa hakuna, ila panateleza kama pamepakwa sabuni. Kabla ya kupaka nilifuta vumbi kwa kitambaa kikavu, basi. Mume wangu anasema rangi ilikuwa feki. Nimeshanunua kopo jingine la aina ileile. Nipake juu yake?

Jirani Mwema
Piga redoksaidi kwanza, ile rangi nyekundu ya msingi ya kuzuia kutu, halafu rangi yako. Mimi mageti yangu yote ndivyo nilivyofanya.

Fundi Msasa
Jirani, mageti yako ni chuma kitupu, redoksaidi inakaa vizuri. Hili ni bati la zinki, yaani chuma kilichofunikwa zinki. Dada, kopo hilo usilifungue. Rangi ya mafuta ikilala juu ya zinki, vinakulana polepole na katikati inazaliwa sabuni kweli, hujakosea kuiita hivyo. Redoksaidi nyingi nazo ni za mafuta, zitakurudisha palepale.

Kwangua yote inayokubali kutoka. Osha kwa maji ya sabuni, suuza mpaka maji yatoke safi, acha pakauke kabisa. Inayong'ang'ania, lainisha kingo zake kwa msasa namba 120. Kwenye bati tupu tumia 220, tena kwa mkono mwepesi: ukiimaliza zinki, kutu umeikaribisha mwenyewe. Kisha praima (rangi ya msingi) iliyoandikwa kuwa ni ya mabati ya zinki, na juu yake rangi ya maji ya akriliki ya nje, mikono miwili myembamba. Bati likiwa la moto usiguse brashi, rangi inakauka kabla hujaisawazisha na mistari inabaki.

Springi usiziguse kabisa. Zimekazwa kwa nguvu ya kumvunja mtu mkono.

Mama Pacha
Asante fundi. Nikimaliza jioni naweza kuufunga nilale?

Fundi Msasa
Hapo ndipo nilipoumbuka. Niliwahi kuufunga wa kwangu kwa kugusa tu kwa kidole, nikaona umekauka. Asubuhi rangi ya kingo zote ilibaki kwenye mpira wa pembeni, nikarudia kazi kama mwanafunzi. Anza alfajiri, kingo kwanza, na uuache umepanda kidogo bila kugusa mpira. Saa za kusubiri zimeandikwa kwenye kopo, ongeza.

Mama Pacha
Kipande cha kwanza kimeisha kukwanguliwa, mabega yananiuma. Lile kopo nitapakia kabati la mbao. Mume wangu nimemwambia kilichokuwa feki ni kitambaa changu kikavu na aina ya rangi, bado anabisha.